Somo: Kuchagua kitabu cha uchanganuzi halisi na nadharia ya vipimo kabla hujatoa shilingi yako

Kitabu cha kwanza cha uchanganuzi nilichokinunua kwa pesa zangu kilikaa miaka miwili dirishani, chumbani kwangu Tudor, hapa Mombasa, na kazi yake ikawa kuzuia pazia lisipeperushwe na kusi. Hakikuwa kibovu. Kilikuwa Rudin mkubwa, Real and Complex Analysis, na nilikinunua kwa kuwa kila niliyemuuliza alikitaja kwa adabu kama anayetaja jina la shekhe. Ukurasa wa kwanza nilielewa kila neno, na nilipofika chini sikuweza kusema nimesoma nini.

Tangu hapo kila wiki napata mtu anayeniuliza, "Maalim, ninunue kipi?" Nimeona niandike mara moja, kwa mpangilio ninaoutumia mwenyewe. Uchanganuzi halisi ni hisabati ya vikomo na funksheni za namba halisi, kila kitu kwa uthibitisho; nadharia ya vipimo ni tawi lake linalopima ukubwa wa seti.

HATUA YA 1: Jipime kabla hujapima kitabu

Chukua karatasi tupu, simu iweke mbali. Andika maana ya mfuatano wa namba kuelekea kikomo fulani, kwa epsiloni (ile namba ndogo chanya inayosema ukaribu wa kiasi gani unatakiwa), bila kuchungulia. Kisha ukanushe: andika maana ya mfuatano huo KUTOELEKEA kikomo hicho. Halafu thibitisha kwamba funksheni endelevu kwenye kipande [0, 1] hufika kilele chake mahali fulani.

Ukiyamaliza matatu hayo, nenda moja kwa moja hatua ya 3. Ukikwama kwenye kukanusha (wengi hukwama hapo, nami nilikwama), vipimo si vyako bado. Nadharia ya vipimo haimfundishi mtu epsiloni. Inachukulia kwamba umeshakuja nayo kutoka nyumbani. Niliowaona wakiiacha yuniti hii katikati, karibu wote hawakushindwa na Lebesgue, ambaye intigrali yake ndiyo kiini cha nadharia hii. Walishindwa na mambo ya mwaka wa pili waliyoyapita kwa kukariri.

HATUA YA 2: Kitabu cha ghorofa ya chini

Hapa sitakaa sana, vitabu vizuri ni vingi.

Abbott, Understanding Analysis, ndiye ninayempa mtu anayesoma peke yake. Anaanza kila sura kwa fumbo: ukiupanga upya mfululizo usio na mwisho, mbona jumla inabadilika? Unajikuta unataka jibu kabla hujapewa fasili. Bartle na Sherbert ni wa taratibu zaidi, mifano mingi, mazoezi mepesi kwa magumu. Tao, Analysis I, anaanza na namba asilia zenyewe, akajenga kila kitu tofali kwa tofali. Anamfaa asiyeamini kitu mpaka akione kikijengwa, lakini anakawia kufika. Na kwa asiye na pesa kabisa, Jiří Lebl ameweka Basic Analysis yake bure mtandaoni, kihalali.

Rudin mdogo, Principles of Mathematical Analysis, aliyetoka mara ya kwanza mwaka 1953, sikumweka kwenye orodha hii; nitamzungumzia kwenye maswali, maana najua watu watanivamia.

HATUA YA 3: Chagua njia, kisha kitabu

Hapa tutulie kidogo.

Fikiria makanga wa matatu ya Mtwapa. Jioni ana mfuko umejaa sarafu. Anaweza kuzichomoa moja moja jinsi zinavyokuja mkononi, ishirini, tano, kumi, kumi, ishirini, akijumlisha kichwani. Au azimwage kitini, apange mafungu, ishirini huku, kumi huku, tano huku, ahesabu kila fungu lina sarafu ngapi, azidishe. Jumla ni ile ile. Lebesgue mwenyewe alitumia mfano wa pesa za mfukoni kueleza intigrali yake (njia ya kupata eneo lililo chini ya mchoro wa funksheni) ilivyotofautiana na ya Riemann, ile ya kawaida. Riemann anakata mhimili wa chini vipande na kwenda kwa foleni. Lebesgue anashika thamani na kuuliza: thamani hii imetokea kwenye seti yenye ukubwa gani?

Kwa hiyo lazima uweze kupima ukubwa wa fungu hata likiwa limetawanyika kama mchele uliomwagika sakafuni. Chukua funksheni iliyo 1 kwenye kila namba wiano (inayoandikika kama sehemu, mfano 2/3) na 0 kwingineko. Riemann anashindwa, kwa sababu kila kipande, kiwe chembamba vipi, kina namba za aina zote mbili. Lebesgue anaona mafungu mawili tu. Fungu la namba wiano lina kipimo sifuri, basi intigrali ni 0, kazi imekwisha. Hayo ndiyo mambo ya tasnifu yake ya mwaka 1902.

Sasa, vitabu vinatofautiana kwa jambo moja kubwa: vinaanzia wapi kupima.

Njia ya kwanza huanza kwenye mstari wa namba, au kwenye miraba na masanduku. Unapima urefu na eneo, unaona ugumu unatokea wapi, halafu baadaye sana unaambiwa kuna vipimo vya jumla. Stein na Shakarchi, Real Analysis (2005), wanakwenda hivi. Vipimo vya jumla wanavifikia sura ya 6. Royden, Real Analysis, naye ni wa njia hii. Tao, An Introduction to Measure Theory (2011), anarudi nyuma zaidi, anaanza na maumbo yanayopimika kwa visanduku vichache tu, akuoneshe kwa nini hayatoshi. Lakini Tao ana tabia ya kukuachia nusu ya uthibitisho kama zoezi. Ukiwa na mwenzako wa kubishana naye ni raha. Ukiwa peke yako saa sita usiku, umeme umekatika, utamlaani.

Njia ya pili huanza na seti yoyote, sigma-aljebra juu yake (orodha ya seti ndogo zinazoruhusiwa kupimwa), na kipimo chochote. Urefu wa kawaida unakuja kama mfano. Ndiyo njia ya Folland, Real Analysis, na ya Rudin mkubwa. Bartle ana kijitabu chembamba, The Elements of Integration, cha njia hiyo hiyo, na ni rahisi kuliko hao wawili kwa mbali. Folland amebana kila ukurasa kama gunia la karafuu lililoshindiliwa. Ni kitabu kizuri sana cha kurudia. Cha kuanzia, hapana.

Axler, Measure, Integration & Real Analysis (2020), yuko katikati. Sura ya kwanza anaonesha Riemann anavyokwama, ya pili anapima mstari kisha anapanda kwenye ujumla mapema. Fasili na thiorema ziko ndani ya visanduku vya rangi, uthibitisho haurukwi. Na ni bure: yeye na mchapishaji wameruhusu mtu apakue chote. Mimi leo nikianza upya, nitaanza na Axler, Stein na Shakarchi wakiwa pembeni kwa ajili ya picha za kichwani. Folland angengoja mwaka wa pili.

HATUA YA 4: Jaribio la thiorema moja

Usichague kitabu kwa sura ya kwanza. Sura ya kwanza kila mwandishi ni mkarimu, kama mwenye duka unapoingia. Nenda katikati, kwenye thiorema ya Lebesgue ya mkaribio uliodhibitiwa, ile inayosema lini unaruhusiwa kuingiza kikomo ndani ya intigrali. Isome hiyo hiyo katika vitabu viwili au vitatu, siku moja.

Kabla hujasoma, shika mnara huu. Funksheni ya kwanza ina urefu 1 kati ya 0 na 1. Ya pili ina urefu 2 kati ya 0 na 1/2. Ya n ina urefu n kati ya 0 na 1/n, na kwingine ni sifuri. Kila mnara una eneo 1. Lakini simama kwenye nukta yoyote: minara inazidi kuwa myembamba mpaka inakupita kushoto, na kwako panabaki sifuri milele. Kikomo cha maeneo ni 1, eneo la kikomo ni 0. Eneo limepotelea wapi? Thiorema inadai kuwe na funksheni moja yenye intigrali isiyo ya infiniti inayoifunika minara yote, na hapa haipo: kifuniko chochote lazima kipande karibu na sifuri kama 1/x, na intigrali yake inalipuka.

Sasa kiulize kitabu. Je, kinakuonesha mnara huu au mwingine kama huo, au kinatupa sharti bila kusema linazuia nini? Je, uthibitisho unaweza kuufuata kwa kurudi nyuma mpaka kwenye thiorema unazotegemea bila kupotea? Na mazoezi yanayofuata: kuna moja unaloliweza kwa saa moja na moja linalokushinda? Kama yote unayaweza, kitabu kiko chini ya kiwango chako. Kama yote yanakushinda, kirudishe rafuni, utakikuta tu.

HATUA YA 5: Pesa

Vya bure vipakue kwa waandishi wenyewe. Axler ana zaidi ya kurasa 400, basi usichapishe chote kwa mpigo. Peleka saiba sura mbili, zifungwe kwa spairo, ukimaliza ndipo urudi. Cha mtumba kihesabu kurasa papo hapo kabla hujalipa. Mimi niliuziwa Royden mmoja hapa mjini, kufika nyumbani kurasa thelathini za katikati hazimo, na muuzaji akaniapia zilikuwemo asubuhi.

MASWALI YA WANACHAMA WA KIKUNDI CHETU CHA KUSOMA (kila mmoja kwa jina la mtaa wake)

Likoni: Maalim, mhadhiri wetu anatumia Royden, mimi nimepata toleo la 3 na wenzangu wana la 4. Nitafeli?

Hutofeli, ila utafanya mazoezi yasiyo yako. Toleo la 4 (2010) lilipangwa upya na Fitzpatrick, namba za sura na za mazoezi hazilingani. Piga picha orodha ya mazoezi kwa mwenzako kila wiki. Hisabati yenyewe haijabadilika.

Mji wa Kale: Shekhe, umemuonea Rudin mdogo. Sisi tulimsoma yeye tu na tukatoka watu.

Simkatai. Sura yake ya 2, anapoleta anga za metriki na seti kompakti mapema, sijaona aliyeifupisha vizuri hivyo, na mazoezi yake ni dhahabu. Lakini nyinyi mlikuwa na mhadhiri aliyekuwa akijaza mapengo ubaoni. Anayesoma peke yake hana huyo mtu. Namshauri Abbott kwanza, kisha mazoezi ya Rudin. Sura yake ya 11, ya Lebesgue, airuke. Hapo nadhani hata wewe utanikubalia.

Mji wa Kale: Ya 11 nakubali. Hayo mengine bado.

Kisauni: Mimi nasoma sayansi ya aktuaria. Nataka uwezekano tu, hizi sigma-aljebra nazihitaji kweli?

Tangu kitabu cha Kolmogorov cha 1933, uwezekano NI kipimo: kipimo ambacho jumla yake ni 1. Kigeu nasibu ni funksheni inayopimika, na wastani wake ni intigrali. Kwa hiyo huwezi kuzikwepa, ila unaweza kuzisoma kwa lugha yako. Jaribu Williams, Probability with Martingales (1991): mwembamba, mcheshi, sigma-aljebra kwake ni habari ambazo mtu anazijua kufikia wakati fulani. Billingsley, Probability and Measure, ni mnene na anachanganya uwezekano na vipimo sura kwa sura. Sharti la hatua ya 1 liko pale pale.

Mtwapa: Hodi. Mimi ni mwalimu wa sekondari, nasoma usiku watoto wakishalala. Sina wa kunikagulia uthibitisho. Nitajuaje kama ni sahihi?

Karibu, mwalimu. Andika, funga daftari, usilifungue mpaka kesho yake. Kesho soma kwa kalamu nyekundu kama unavyosahihisha ya mwanafunzi unayemshuku. Kila penye "kwa hiyo", uliza kwa sababu ipi, na uitaje kwa jina. Kisha pitia masharti ya swali moja moja: hili nimelitumia wapi? Sharti ambalo hukulitumia popote, ama halikuhitajika, ama umejidanganya mahali, na mara nyingi ni la pili. Mwisho jaribu kuuvunja kwa funksheni ya namba wiano na kwa ule mnara. Majibu ya mitandaoni usiyaangalie kabla ya siku mbili, mengi yana makosa na yatakuambukiza.

Changamwe: Kwa nini tusipime seti zote tu tukapumzika?

Kwa sababu Vitali mwaka 1905 alijenga seti isiyopimika. Ukitaka kipimo kinacholingana na urefu wa kawaida, kisichobadilika ukiisogeza seti, na kinachojumlika hata kwa vipande visivyo na mwisho vinavyohesabika, seti ile inagoma: ukiipa sifuri jumla inakuwa ndogo mno, ukiipa zaidi ya sifuri jumla inalipuka. Kuijenga kunahitaji aksiomu ya uchaguzi (kanuni inayoruhusu kuchagua kitu kimoja kutoka kila seti kwa mpigo). Kila kitabu nilichokitaja hapo juu cha njia ya kwanza kinayo. Isome mapema, ndiyo inayokuonesha sigma-aljebra haikuletwa kukutesa.

Kongowea: Kaka, vitabu vyote Kiingereza. Nikisoma naelewa, nikifunga kitabu siwezi kumueleza mtu.

Basi daftari liwe la Kiswahili. Kikundi chetu tunasema kipimo, seti yenye kipimo sifuri, na "karibu kila mahali", na tulipogundua kwamba "karibu kila mahali" inamaanisha pale pasipokuwa kweli pana kipimo sifuri, nusu ya thiorema zilitulia zenyewe. Tunakutana Jumamosi baada ya alasiri, baraza la nyumba iliyo nyuma ya soko, kahawa tungu ipo. Njoo na ukurasa uliokukwamisha, uwe umeupigia mstari pale hasa ulipokwamia.