Pasteles za Puerto Rico: somo la chakula cha Krismasi kwa ndizi mbichi na magimbi

Puerto Rico, kisiwa cha Karibea, Krismasi haiishi tarehe 25. Inavuka Mwaka Mpya, inafika Siku ya Wafalme Watatu tarehe 6 Januari, na wapo wanaoongeza siku nane nyingine juu yake. Msimu wote huo friza za nyumbani zimejaa pasteles. Wala si keki. Ni ndizi mbichi na magimbi yaliyokwaruzwa yakawa rojo zito (wenyewe wanaliita masa), likawekwa nyama katikati, likafungwa kwenye jani la mgomba na kuchemshwa. Karibu kila kitu utakipata Kariakoo au Kongowea.

Tafuta wenzako watatu au wanne kabla ya kununua chochote. Kule ni kazi ya ukoo mzima: huyu anamenya, yule anapaka, mwingine anafunga. Peke yako utachoka kabla hujafika kwenye majani.

Mahitaji (pasteles kama 20)

Masa: ndizi mbichi 12 ambazo hazijaanza kugeuka rangi, mizuzu mibichi 2, magimbi kilo 1, kipande cha boga gramu 250, chumvi.

Nyama: bega la nguruwe kilo 1, kikombe cha dengu nzima (chickpeas) zilizochemshwa, zeituni kiasi, vitunguu maji 2, punje 6 za kitunguu saumu, hoho 2, fungu la majani ya giligilani, oregano kavu kijiko kidogo.

Rangi: mbegu za bixa vijiko vikubwa 3, kikombe 1 cha mafuta. Bixa ndiyo hiyo hiyo inayolimwa Kwale. Kule wanaiita achiote.

Kufungia: majani ya mgomba, karatasi ya kuokea na uzi wa pamba.

1. Mafuta. Pasha mafuta kwa moto mdogo, tia mbegu, koroga dakika 3 hadi 5 mpaka yawe mekundu yanayoelekea rangi ya chungwa. Epua na uchuje. Moto ukizidi yanakuwa machungu, na uchungu huo hautoki. Ukikosa bixa, paprika na binzari kidogo vitakupa rangi, ingawa ladha haitakuwa ile.

2. Nyama. Saga vitunguu, saumu, hoho na giligilani. Hiyo ndiyo sofrito, na mapishi mengi ya kisiwa kile yanaanzia hapo. Kaanga kwa vijiko vitatu vya mafuta yako mekundu, tia nyama iliyokatwa vipande vidogo sana, kisha oregano, chumvi na maji ya kufunika. Ikilainika, tia dengu na zeituni. Bakiza mchuzi, usiukaushe. Wengine hutia zabibu kavu; mimi sitii.

3. Masa. Hapa ndipo wengi wanapoharibu, maana akili yote wameiweka kwenye nyama. Paka mikono mafuta, menya ndizi na uziloweke kwenye maji ya chumvi zisiwe nyeusi. Kwaruza kila kitu, boga likiwemo, kwenye matundu madogo. Sasa lainisha: nusu kikombe cha mafuta mekundu, kisha mchuzi wa nyama kidogo kidogo, kama kikombe kimoja. Ukiinua kijiko, masa idondoke taratibu kama uji mzito. Ikisimama kama ugali, ongeza mchuzi, la sivyo utakula mawe. Chumvi itiwe mpaka ukiilamba uione imezidi kidogo, kwa sababu ndizi inaimeza.

4. Majani. Toa uti wa kati, babua jani juu ya moto mpaka ling'ae na kulegea, futa, kata vipande vya upana wa kiganja na nusu. Usiliruke jani hata kama una karatasi. Harufu yote ya pasteles inatoka humo.

5. Kufunga. Tandika karatasi, juu yake jani, paka jani mafuta mekundu. Weka vijiko vitatu vya masa, tandaza, tia nyama katikati. Kunja karatasi ili kingo za masa zikutane na kufunika nyama, kunja tena, kisha pindia ncha chini. Funga mbili mbili, mikunjo ikitazamana, maji yasiingie.

6. Kuchemsha. Maji mengi yenye chumvi, yawe yanachemka kabla hujatia. Saa moja, ukigeuza mara moja katikati. Epua, acha dakika chache masa ishikane, fungua. Wenyeji huzila na nyama ya nguruwe ya kuoka na wali wa mbaazi, na hapo mtu wa pwani hahitaji maelezo.

Maswali ya wanachama

*Dada, sisi hatuli nguruwe. Nifanyeje?*
Tumia mapaja ya kuku, hata kule wengi hutumia kuku. Ng'ombe pia sawa. Kwa kuwa hazina mafuta mengi, ongeza vijiko viwili vya mafuta mekundu kwenye mchuzi.

*Nina blenda tu. Itafaa?*
Itafaa, lakini utalazimika kutia maji ili izunguke, na masa itakuwa nyepesi. Tia mchuzi badala ya maji, na usiongeze mwingine baadaye.

*Magimbi yananiwasha mno mikono.*
Vaa glavu, mama, na uyamenye yakiwa makavu. Pia usionje masa mbichi kwa kijiko kizima. Lamba kidogo tu kupima chumvi, au chemsha tonge dogo ndio uonje.

*Niko Uholanzi, mgomba sina.*
Nenda toko, maduka yale ya vyakula vya Kiasia, uliza majani ya mgomba kwenye friza. Yakiyeyuka yameshalegea, futa tu. Wapuerto Rico waliohamia mashamba ya miwa ya Hawaii tangu 1900 hawakuacha pasteles, sembuse wewe mwenye friza.

*Muhogo je?*
Zipo pasteles za muhogo. Tumia muhogo mtamu, ukwaruze, ukamue maji, kisha ulainishe kwa mchuzi na mafuta vilevile.

*Nimeona watu wanazimwagia tomato sosi!*
Ugomvi wa kila Krismasi huo, hata ndani ya nyumba moja. Mama mkwe wangu, mzaliwa wa Ponce, mji wa kule Puerto Rico, huiondoa chupa mezani kabla wageni hawajakaa. Shemeji zangu wanaijua ilipofichwa.

*Naweza kupika mapema, nikaziweka?*
Ndivyo wanavyofanya wote. Zigandishe mbichi, zikiwa zimefungwa. Siku ya kula usiziyeyushe: zitie zilivyo kwenye maji yanayochemka, na uongeze kama nusu saa.