Magitaa mawili, sauti mbili: kupanga wimbo kama mapacha wa Guico

Paolo na Miguel Benjamin Guico ni mapacha wa Ufilipino. Bendi yao, Ben&Ben, ilikuwa na watu tisa ilipotoa albamu ya kwanza, Limasawa Street, mwaka 2019. Lakini walianza wawili tu, wakijiita The Benjamins. Mimi na mwenzangu nasi tunapiga wawili, na kwa kuwasikiliza hao ndugu tumeacha makosa mengi. Tunapanga hivi.

Hatua ya 1: Gawaneni gitaa

Wengi wakianza hupiga kitu kimoja wote. Sisi tulifanya hivyo harusini, magitaa yote yakichapa kodi ileile ya C (kodi ni nota kadhaa zinazolia pamoja), mpaka fundi mitambo akaja kuuliza kama la pili limezimika.

Gitaa la kwanza lipige kodi za C, G, Am, F za kawaida. La pili lifungwe kapo, yaani kibanio cha nyuzi, kwenye freti (kile kijichuma cha shingo ya gitaa) ya 5, kisha vidole vikae kama unapiga G, D, Em, C. Kodi zinazotoka ni zilezile, ila zimekaa juu. Wa kwanza achape taratibu, wa pili adonoe uzi mmoja mmoja. Mkichapa wote, mmerudi harusini.

Hatua ya 2: Tafuteni sauti ya pili kwa solfa

Solfa ni yale majina ya nota: do, re, mi, fa, so, la, ti. Waliopita kwaya hapa wana mtaji. Tuseme wimbo unakwenda mi mi fa so. Sauti ya pili, ngazi mbili juu yake, itakuwa so so la ti. Iimbeni juu ya kodi ya C: ile ti ya mwisho inauma sikio, kwa sababu inagombana na do iliyo ndani ya kodi. Ipandisheni iwe do ya juu, ugomvi unaisha. Kwa hiyo msihesabu ngazi tu. Sikilizeni kodi inasema nini chini yenu.

Na wa pili asiimbe tangu mwanzo! Ubeti wa kwanza aimbe mmoja. Mwenzake aguse neno la mwisho la mstari tu, halafu kiitikio kiwe cha wote.

Mapacha wana bahati, sauti zao zimefanana tangu tumboni. Sisi wengine lazima tulinganishe irabu. "A" ya mmoja ikiwa pana na ya mwingine imebanwa, hata nota sahihi itasikika imepinda. Kaeni uso kwa uso, mtazamane midomo.

Hatua ya 3: Maneno yafuate pigo

Mkazo wa Kiswahili uko silabi ya pili kutoka mwisho. Pigo zito liangukie "pe" ya "nakupenda". Likiangukia "ku", msikilizaji atadhani mnasoma lugha ya watu.

Hatua ya 4: Rekodini kwa simu moja

Iwekeni kama mita moja na nusu mbele yenu, chumba chenye pazia au godoro. Mwenye sauti kubwa arudi nyuma nusu hatua badala ya kujibana koo. Msisikilize siku hiyohiyo, masikio yamechoka na kila mtu anajisikia yeye tu.

Kesho yake uimbeni mara moja bila magitaa kabisa. Mahali mtakapoyumba ndipo gitaa lilipokuwa linawafichia. Rudini hatua ya 2 kwa mstari huo mmoja.