Kupika kwa Magadi ya Mawe: Vipimo na Tahadhari

Magadi ya mawe, yale ya Ziwa Natron na Ziwa Magadi, ni makali kuliko magadi soda ya dukani. Usitumie vipimo vya moja kwa jingine.

Chagua vipande vyeupe visivyo na udongo. Twanga, kisha yeyusha kijiko kimoja cha chai katika nusu glasi ya maji ya moto. Acha yatuame dakika 15, chuja kwa kitambaa safi, mwaga mashapo. Usiwahi kutupia jiwe zima sufuriani. Mchanga wake hautoki tena.

Kilo moja ya maharage yaliyolowekwa usiku kucha hutosheka na nusu ya maji hayo. Maharage yakianza kuchemka, tia maji hayo ya magadi. Magadi hulegeza ganda, ndiyo maana kuni au gesi hupungua. Ukizidisha, maharage yatapondeka na mchuzi utakuwa na ladha ya sabuni, na vitamini B1 itaharibika. Ikitokea, mwaga maji yote, weka mapya. Nyanya, ukwaju na ndimu ni za mwishoni kabisa: uchachu huua nguvu ya magadi na povu hufurika. Sufuria ya alumini huliwa na magadi. Tumia chungu au chuma cha pua.

Mlenda unahitaji matone machache tu, uvutike na kubaki kijani.

Magadi mengi ya kaskazini mwa Tanzania yana madini ya floraidi kwa wingi, na kuchemsha hakuyaondoi. Chakula cha watoto wadogo kipikwe bila magadi, meno yao yasije yakaota na madoa ya kahawia. Mwenye shinikizo la damu naye ayaache, maana yamejaa sodiamu.