PSP ya mtumba: jinsi ya kuiwekea emuleta za gemu za zamani

PSP ni mashine ya Sony ya kuchezea gemu mkononi, na emuleta ni programu inayoiwezesha kucheza gemu za mashine nyingine. Mfumo wake wa mwisho ni 6.61, uliotoka 2015, kwa hiyo hakuna sasisho jipya litakalokuja kukuvurugia kazi. Nimeandika kwa kufuata modeli ya 3000. 1000 na 2000 hazipishani nayo sana.

1. Betri, kabla hujalipa
Ukiwa dukani Mwanjelwa, hapa Mbeya, itoe betri, ilaze juu ya kioo cha kaunta, uizungushe kwa kidole. Ikizunguka kama pia, imevimba. Iache hapohapo, hata muuzaji akushushie bei.

2. Kadi
Hapa ndipo wengi wanapokwama, halafu lawama zinaiendea PSP. Tundu lake linapokea Memory Stick Pro Duo, ila adapta ya microSD inafanya kazi vizuri. Shida ni kadi feki: inaandika GB 32, uwezo wake halisi ni robo ya hapo, na faili zinazozidi zinaharibika kimyakimya. Ipime kwenye kompyuta kwa H2testw, programu inayoijaza kadi mpaka mwisho kisha inasoma ilichoandika. Inachukua muda, nenda kanywe chai. Ikifaulu, iformati ndani ya PSP yenyewe, maana ndiyo inayokutengenezea folda ya PSP/GAME. Waya wa kuhamishia faili ni USB mini, ule wa kamera za zamani. Wa simu hauingii.

3. Mfumo
Angalia toleo kwenye System Information. Kama ni chini ya 6.61, weka EBOOT.PBP ya sasisho kwenye PSP/GAME/UPDATE, uifungue. Betri iwe imejaa na chaja imechomekwa. Umeme wetu wakati wa mvua mnaujua, na sasisho likikatikia njiani mashine inakufa. Kisha nakili folda za 6.61 PRO-C, mfumo usio wa Sony unaoruhusu emuleta, ndani ya PSP/GAME, fungua PRO Update, bonyeza X. CIPL Flasher, inayoifanya PRO ibaki hata ukizima, ni ya 1000 na baadhi ya 2000. Kwenye 3000 usiiguse.

4. Emuleta
Nazo zinakaa PSP/GAME, kila moja na folda yake. Kwa gemu za SNES, mashine ya zamani ya Nintendo, tumia Snes9xTYL. Kwa za Game Boy Advance, ya Nintendo pia, tumia gpSP, ambayo bila faili la gba_bios.bin haiwaki: jina liwe kwa herufi ndogo, ukubwa baiti 16,384 kamili. Bando halitakuumiza, maana gemu kubwa kabisa ya SNES ni MB 6, ya Advance MB 32. Tumia nakala za katriji unazomiliki, au gemu zilizotolewa bure.

Gemu ikisuasua, pandisha prosesa hadi MHz 333. Betri italiwa haraka, na baridi ya Juni huku Uyole inaongezea.

5. Kuzima
Sukuma swichi mara moja, PSP ilale. Ukiishikilia inazima kabisa, na kwenye modeli ya 3000, ile PRO inatoka. Ukiwasha, fungua Fast Recovery, iliyokuja na folda za PRO, kwanza ndipo emuleta zikubali.