Kabla hujalipia simu ya mtumba

Jamani wa Kampala, mkinunua simu ya mtumba msitosheke na kioo kisicho na ufa. Tangu Android 5.1 ya mwaka 2015, simu iliyofutwa data zote kwa vitufe vya pembeni ikiwaka hudai akaunti ya Google iliyokuwamo. Kama huijui, umenunua kioo cha kujitazamia. Yalinikuta; muuzaji hapokei simu mpaka leo.

Siku hizi nasema tu, "Ssebo (yaani bwana), ingia Mipangilio, toa akaunti yako nikiona." Akishaitoa, aifute simu humo humo kwenye Mipangilio, kisha tunaunganisha intaneti na kuianzisha mpaka ukurasa wa mwanzo utokee. Ikiuliza akaunti ya awali, namrudishia, hata akipunguza elfu hamsini. (Ndipo bei huanza kushuka kwa kasi ya ajabu.)

Na kama simu ni yako ila umesahau paswadi ya akaunti ya Google, ibadilishe kupitia simu ya mwenzio, halafu subiri saa 24 kabla ya kuifuta simu. Ndivyo Google wanavyoelekeza. Wenye iPhone, tunzeni risiti: Apple huiomba kabla ya kuwaondolea kufuli la akaunti.