Kidogo kwa umbo, kizito kwenye mizani: mionzi kwenye yadi ya skrepa na la kufanya

Ukitaja nyuklia kijiweni, watu wanaanza na Hiroshima, wanapitia Ukraine, kisha wanabishana ni nchi gani ina mabomu mengi. Mimi nasimamia mizani kwenye yadi ya skrepa Buguruni, Dar es Salaam, na wasiwasi wangu uko kwenye guta linaloingia getini. Kwa watu wa kazi hii mionzi haiji kwa kombora. Inakuja na kijana anayetoka jasho, anasema, "Bosi, hii madini ya risasi tupu, pima."

Haya nayaandika kwa wanunuzi, wakata chuma kwa gesi, waokotaji, na yeyote anayeuziwa mitambo ya zamani ya kiwanda au hospitali. Mengine nimeyapata kwenye semina, mengine kwenye taarifa za ajali zilizowapata watu wa kazi kama yetu katika nchi nyingine.

Anza na uzito

Sisi tunanunua kwa kilo, kwa hiyo mkono wetu unajua uzito kuliko wa daktari. Utumie. Chuma cha ujazo wa lita moja kina karibu kilo 8. Risasi ya ujazo huohuo inapita kilo 11. Tangsteni na urani iliyofifishwa, ambazo nazo hutumika kuzuia mionzi, zinafika 19. Ukiona kitu cha ukubwa wa ndoo ndogo na watu wawili wanahema kukishusha, usikimbilie kupiga hesabu ya faida. Jiulize kwanza ni nani alilipa fedha kuzungushia risasi yote hiyo, na alikuwa anafunika nini.

Vitu vyenyewe ni vya aina chache. Kuna kichwa cha mashine ya kutibu saratani, chenye kobalti-60 au seziamu-137, vitu vinavyotoa mionzi mikali. Hiki ndicho kibaya kuliko vyote. Kuna kifaa cha kupigia picha maungio ya mabomba ili kuona kama yamechomelewa vizuri: sanduku dogo lenye mpini, zito kupita kiasi, ndani lina iridiamu-192, nayo inatoa mionzi. Kuna vipimo vinavyofungwa kwenye mabomba na matangi ya viwanda vya saruji, vya vinywaji na migodini. Na kuna mashine ya njano ya kupimia mshindilio wa barabara, ambayo waliowahi kufanya kibarua kwa mkandarasi wanaijua kwa sura.

Alama ni mapanga matatu kama ya feni kuzunguka kidoti, mara nyingi nyeusi au zambarau juu ya njano. Tangu 2007 kuna nyingine: pembetatu nyekundu yenye mawimbi ya mionzi juu, fuvu na mifupa, na mtu anayekimbia. Hii ya pili hubandikwa karibu na chanzo chenyewe, yaani kile kipande kinachotoa mionzi, mahali ambapo mtumiaji wa kawaida hapaoni. Ukiiona, maana yake umeshafungua kisichofunguliwa. Weka bisibisi chini, ondoka.

Lakini usitegemee alama peke yake. Rangi inachubuka, stika inababuka kwa jua. Angalia pia kibati cha chuma chenye maandishi yaliyogongwa: Cs-137 (seziamu), Co-60 (kobalti), Ir-192 (iridiamu), Am-241 (amerikiamu), au namba ya kiasi cha mionzi yenye Bq au Ci mwishoni. Waandikie vijana wako herufi hizo kwa rangi ukutani, hapo hapo juu ya mizani. Hata asiyejua Kiingereza anaweza kulinganisha herufi.

Kuna mzee aliwahi kuniletea hiyo mashine ya barabara. Boksi la plastiki la njano lililopasuka pembeni, ndani mashine yenye fimbo imesimama, na kufuli dogo lenye kutu kwenye fimbo. Kwenye stika ilibaki "137" tu, herufi za mbele zimefutika. Nikamwuliza, "Shikamoo mzee wangu, hii ulitoa wapi?" Akaitikia, akasema mkandarasi alimaliza mradi akaondoka, kifaa kikabaki stoo miaka, sasa nyumba inauzwa. Kijana wangu alishashika nyundo avunje kufuli. Lile kufuli ndilo lililokuwa limezuia fimbo isishuke na kutoa chanzo nje ya kinga yake. Wataalamu walipokuja na kipimo walikuta kinga nzima, hakuna aliyedhurika, wakaondoka na mzigo. Kufuli la shilingi elfu chache.

Kikishafika yadi

Usikate, usigonge, usichome, usikipeleke kwingine. Kama kiko juu ya guta, kiache juu ya guta. Kama kimeshashushwa, kiache kilipo. Watu wengi wanaumia pale wanapotaka kukisogeza pembeni ili kazi iendelee.

Ondoa watu. Mwongozo wa kimataifa kwa waokoaji unataka mita 30 kuzunguka chanzo kilicho wazi au kilichoharibika, mita 100 kama unga au kimiminika kimemwagika eneo kubwa, na mita 300 kukiwa na moto au moshi. Yadi nyingi za kwetu hazina mita 30 kutoka geti hadi ukuta wa nyuma, kwa hiyo tafsiri yake ni kwamba wote wanatoka nje, na mama ntilie wa ukutani naye anahama. Simameni upande upepo unakotokea. Umbali ni dawa ya bure: ukitoka mita 1 hadi mita 2, mionzi inayokufikia inabaki robo, ukifika mita 10, inabaki moja ya mia.

Kisha piga simu. Polisi ni 112, zimamoto 114, na uwaambie wazi kwamba unashuku mionzi ili waijulishe Tume ya Nguvu za Atomu Tanzania, yenye maabara Njiro, Arusha. Kwa Kenya ni Mamlaka ya Udhibiti wa Nyuklia, kwa Uganda ni Baraza la Nishati ya Atomiki. Tafuta namba ya ofisi iliyo karibu nawe leo, iandike ukutani pamoja na zile herufi. Picha unaweza kupiga, ila kwa mbali na kwa kuvuta. Hakuna picha inayostahili kuinamiwa.

Watu wa Goiânia

Vijana wakiniona natia chumvi, nawapa habari ya Goiânia, mji wa Brazil. Kliniki moja ya kutibu saratani ilihama, ikaacha mashine yake kwenye jengo bovu. Septemba 13, 1987, watu wawili waliosikia kuna chuma cha kuuza wakaingia, wakang'oa kichwa cha mashine, wakakipeleka nyumbani kwa toroli. Siku hiyohiyo wakaanza kutapika. Mmoja mkono ukavimba, akaenda hospitali, akaambiwa ni chakula kibaya.

Siku chache baadaye walitoboa kidirisha cha chanzo kwa bisibisi, wakauza mzigo kwa mwenye yadi. Usiku yule mwenye yadi akaona mwanga wa buluu unatoka ndani. Ulikuwa unga wa seziamu, wote haufiki gramu 100. Akaona ni kitu cha thamani, akaita ndugu na marafiki, akawagawia vipande vya ukubwa wa punje ya mchele. Wengine walijipaka mwilini. Mtoto wa kike wa miaka 6 alikula huku unga uko mikononi.

Aliyeshtuka ni mke wa mwenye yadi. Aliona walioumwa ni wale tu waliokuwa karibu na kile kitu. Septemba 28 akakifuata, akakitia kwenye mfuko, yeye na kibarua wao mmoja wakapanda basi hadi ofisi ya afya, akakiweka mezani kwa daktari. Kesho yake mtaalamu wa fizikia akaazima kipimo, akakiwasha akiwa bado njiani, mshale ukagonga mwisho. Akadhani kibovu, akarudi kuchukua kingine. Alipofika, zimamoto walikuwa wanajiandaa kukichukua kile kitu wakakitupe mtoni. Aliwawahi.

Walikufa wanne: yule mama, yule mtoto, na vibarua wawili wa yadi. Watu 249 walikutwa na uchafu wa seziamu mwilini au kwenye nguo, zaidi ya laki moja walipimwa, wengi wao kwenye uwanja wa michezo, na nyumba kadhaa zikabomolewa. Mazishini watu walifanya fujo na kurusha mawe wakikataa majeneza yazikwe pale.

Kila kosa la kufanywa yadini limo humo, ndiyo maana naisimulia yote. Na mengine ya kuongeza: usipande nacho basi wala bodaboda, hata kwa nia njema. Usikitupe mtoni, chooni, dampo wala kukifukia. Na kama kitu kinang'aa gizani, si lulu.

Aliyeshakishika

Avue nguo za juu, hizo hubeba sehemu kubwa ya vumbi. Asizipitishe usoni, shati la kuvuta kichwani likatwe kwa mkasi. Ziingie kwenye mfuko wa plastiki, ufungwe, uwekwe mbali na watu. Anawe mikono na uso kwa sabuni na maji ya uvuguvugu, aoge, asijisugue hadi ngozi ichubuke. Hakuna kula, kunywa, kuvuta sigara wala kutafuna chochote kabla ya hapo. Kama hali yake ni mbaya, anavuja damu au hapumui vizuri, hospitali kwanza, hayo mengine baadaye.

Mwambie daktari neno "mionzi" kabla hajauliza. Kutapika, kuharisha, ngozi kuwa nyekundu na kutoka malengelenge kama ya moto bila kuguswa na moto, hivyo vyote vinafanana na magonjwa mengine. Mohammedia, Morocco, mwaka 1984, kipande cha iridiamu kutoka kifaa cha kupigia picha mabomba kilipelekwa nyumbani, na watu 8 wakafa kabla ya chanzo kujulikana. Ngozi inaweza kukaa siku kadhaa hadi wiki bila kuonyesha kitu, kwa hiyo "mbona niko fiti" si kipimo.

Andika majina ya wote waliokuwepo, muda waliokaa, na nani alishika kwa mkono. Kidaftari hicho kitamsaidia daktari kuliko maelezo marefu.

Vidonge vya iodini havina kazi hapa. Vinalinda tezi ya shingo dhidi ya iodini yenye mionzi, ile inayotoka kwenye ajali ya mtambo wa nyuklia. Seziamu na kobalti havizigusi. Na dawa ya vidonda yenye iodini, tafadhali, hainywewi. Kwa seziamu iliyoingia mwilini kuna dawa iitwayo buluu ya Prussia, ndiyo waliyopewa watu wa Goiânia, na inatolewa na daktari.

Mtu aliyepigwa na mionzi kutoka chanzo kilichofungwa haambukizi wengine. Mwenye vumbi akishavuliwa na kuoshwa, mshike mkono, mpeleke hospitali.

Kwa yadi kubwa

Wanaojaza makontena wanunue kipimo cha mkononi, wapitishe kwenye kila mzigo wa kiwandani na wa hospitali kabla ya kukata. Chanzo kikipita hadi tanuri la kuyeyusha, kinaharibu chuma chote. Juárez, Mexico, kobalti iliingia kwenye nondo. Iligundulika Januari 1984 pale lori la nondo lilipopita karibu na maabara ya Los Alamos, Marekani, na king'ora kikalia. Na kipimo hukuta hata chanzo kidogo: kidonge cha seziamu cha milimita 8 kwa 6 kilichodondoka barabarani Australia mwaka 2023 kilipatikana na gari lenye vipimo likiwa kwenye mwendo.

Kumfukuza muuzaji hakutoshi

Hapa ndipo wengi tunakosea kwa kudhani tumeshakwepa. Ukimwambia kijana "toa takataka yako hapa", anageuza guta, anakwenda yadi ya tatu ambako wana mtungi wa gesi na hawajui kitu. Ukimtishia polisi, anakiacha mtaroni.

Ongea naye taratibu. "Mdogo wangu, huu mzigo sinunui na hakuna atakayenunua, ila kaa hapa kwa mbali, unywe soda, kuna watu wanakuja kuuona." Mlipie nauli na muda wake kutoka mfukoni mwako, hata kama inauma. Mwulize alikotoa, kama vilikuwa viwili, na nani mwingine alisaidia kubeba, kwa sababu huko nyumbani kwake kunaweza kuwa na kingine chini ya kitanda. Kama ameshaondoka, andika rangi ya guta na upande alioelekea, mpigie mwenye yadi ya jirani, kisha wa yadi inayofuata, kabla hajafika kwao.