Kabla ya Kupanda Boti ya Historia ya Vita Bandarini

Ngome ya nchi kavu ina ukuta, tundu za kufyatulia risasi na mzinga unaoweza kuugusa. Bandarini si hivyo. Sehemu kubwa ya yaliyotokea iko chini ya maji, au ilinyanyuliwa zamani ikauzwa kama vyuma chakavu, au imefukiwa ardhi ikapangwa makontena juu yake. Mwongozaji atanyoosha kidole kwenye maji matupu aseme, "Ilikuwa hapa." Aliyejiandaa ataanza kupima kwa macho: kutoka hapa hadi mlango wa bandari ni mbali kiasi gani, kina ni kipi, kilima kile kilikuwa na mizinga? Asiyejiandaa ataona maji, kisha atageukia simu yake.

Kwa hiyo maandalizi ya maana huanza siku kadhaa kabla, na la kwanza ni kujua unakata tiketi ya nini. Safari nyingi zinazotangazwa kuwa za historia ya vita ni matembezi ya kawaida ya bandari yenye dakika kumi za vita katikati ya maelezo ya majengo marefu na nyumba za matajiri. Uliza moja kwa moja: maelezo anayatoa mtu aliye hai au ni sauti iliyorekodiwa? Yanatolewa kwa lugha gani? Boti inasimama penye tukio, au inapita tu kwa kasi? Kuna kushuka nchi kavu mahali popote? Sauti iliyorekodiwa si mbaya, lakini haijibu swali, na boti ikichelewa kupisha meli kubwa utasikia habari za ngome wakati unatazama kiwanda.

Uliza pia masharti ya kuahirisha. Safari huvunjwa kwa sababu mbili kuu: upepo, na abiria kuwa wachache kuliko kiwango cha chini. Ukiambiwa watakurudishia pesa, sawa. Ukiambiwa watakupangia siku nyingine, basi usiiweke safari hiyo siku ya mwisho kabla ya kuondoka mjini, kwa sababu siku nyingine hutakuwa nayo.

Kwa sisi tunaohesabu saa kwa Kiswahili kuna mtego wake. Tiketi ikiandikwa 10:30, ni saa nne na nusu asubuhi. Wapo wanaokwenda saa kumi na nusu jioni na kukuta boti imelala gatini. Fika nusu saa mapema, na kama gati liko ndani ya eneo la jeshi la majini, fika saa nzima mapema ukiwa na kitambulisho. Maeneo hayo mara nyingi yana masharti ya mizigo. Pearl Harbor, bandari ya Hawaii, Marekani, kwa mfano, mikoba hairuhusiwi ndani ya eneo la kumbukumbu, na wenye nayo huiacha mahali maalumu nje kwa malipo. Beba vya mfukoni tu.

Hesabu hiyo ya saa inarudi tena kwenye historia yenyewe. Kumbukumbu za jeshi zimeandikwa kwa saa 24, na mashambulizi mengi ya bandarini yalifanywa usiku, kwa hiyo tarehe huruka katikati ya tukio. Nyambizi ndogo tatu za Japani ziliingia bandari ya Sydney, Australia, jioni ya tarehe 31 Mei 1942, lakini kombora la kupita chini ya maji (torpedo) lililoua watu lililipuka usiku wa kuamkia 1 Juni. Ukisoma tarehe mbili tofauti usidhani kuna aliyekosea.

Tukio hilo la Sydney linafaa kuonyesha kazi ya nyumbani inavyofanywa, maana huwezi kusoma vita nzima kabla ya safari na wala hakuna haja. Chagua tukio moja la bandari unayokwenda, ulijue vizuri. Chapisha ramani ya bandari kwenye karatasi moja ya A4, uweke alama mahali pasipozidi sita. Kwa Sydney, weka alama sehemu ya wavu wa kuzuia nyambizi uliokuwa bado haujakamilika, mahali nyambizi ya kwanza iliponasa kwenye wavu huo, mahali manowari ya Kimarekani USS Chicago ilipotia nanga, na gati la HMAS Kuttabul. Sasa chora mstari wa kombora. Lililengwa Chicago, likakosa, likalipukia chini ya Kuttabul, kivuko cha zamani kilichogeuzwa bweni la mabaharia. Walikufa 21. Mstari huo uliouchora kwa kalamu nyumbani utakuonyesha, ukiwa majini, jinsi vyombo vilivyokuwa karibukaribu, na kwamba kilichoamua nani afe ni pembe ndogo tu.

Halafu linganisha ramani ya zamani na ya leo. Fukwe za bandari hazikai zilivyokuwa. Hufukiwa na kusogezwa. Garden Island, palipokuwa na Kuttabul, bado inaitwa kisiwa, ila siku hizi imeungana na nchi kavu kwa sababu ya chelezo kikubwa cha kutengenezea meli kilichojengwa wakati wa vita hivyohivyo. Huko Scapa Flow, Uskoti, mlango ambao nyambizi ya Kijerumani U-47 ilipenya usiku wa kuamkia 14 Oktoba 1939 ikaizamisha manowari ya Kiingereza Royal Oak na kuua zaidi ya watu 800, leo umezibwa na tuta lenye barabara juu yake. Anayetafuta mlango huo kwa macho hataupata mpaka ajue kwamba tuta lenyewe ndilo jibu la tukio.

Tafuta pia picha moja ya zamani iliyopigwa kutoka majini na uihifadhi kwenye simu, maana mtandao hukatika katikati ya maji. Kilima na umbo la mlima nyuma ya mji ndivyo vya kulinganishia, kwa sababu majengo yamebadilika na milima haijabadilika.

Kuna kipimo kimoja ambacho watu hawakiulizi na kinaeleza mambo mengi: kina. Kombora la torpedo linaloangushwa na ndege huzama kwanza kabla ya kunyooka na kwenda mbele. Pearl Harbor ina kina cha takriban mita 12, na kwa kawaida kombora la namna hiyo lingejichimbia kwenye matope. Wajapani waliliongezea mapezi ya mbao ili lisizame sana, na tarehe 7 Desemba 1941, waliposhambulia bandari hiyo, yakafanya kazi. Kina hichohicho ndicho kinachofanya mabaki ya Arizona, manowari ya Kimarekani iliyozamishwa siku hiyo, yaonekane kutoka juu hadi leo. Kwa hiyo mwongozaji akitaja meli yoyote iliyozama, muulize: maji hapa ni mita ngapi?

Maji yenyewe nayo yana ratiba. Angalia jedwali la kupwa na kujaa la siku hiyo. Maji yakipwa, hasa wakati wa bamvua (siku ambazo maji hupwa na kujaa kupita kawaida), nguzo za zamani, misingi ya zege na mbavu za meli zilizozamishwa makusudi kuziba njia hujitokeza. Yakijaa, hamna kitu. Lakini kupwa kuna gharama yake: daraja la kupandia linaloelea hushuka na boti, likawa na mteremko mkali. Kwa mzee mwenye magoti mabovu au mtu wa kiti cha magurudumu, saa ya maji kujaa ndiyo saa yake, hata kama ataona mabaki machache. Piga simu uulize upana wa daraja na idadi ya ngazi ndani ya boti, kwa sababu sitaha ya juu yenye mandhari nzuri karibu kila mara haina njia nyingine zaidi ya ngazi nyembamba.

Chagua safari ya asubuhi ukiweza. Pwani nyingi upepo wa baharini huamka jua linapopanda, na mchana maji huwa yameshachafuka. Hata siku ya joto beba koti jepesi la kuzuia upepo: boti ikienda kilomita 15 kwa saa dhidi ya upepo wa kilomita 20, mwili wako unapigwa na upepo wa 35. Kofia iwe na kamba. Viatu viwe na soli ya mpira, visivyoteleza, maana sitaha huwa na umande na chumvi. Maji ya kunywa, nusu lita hadi lita moja kwa mtu, na mafuta ya kuzuia jua, yapakwe kabla ya kupanda, kwani jua hukupiga kutoka juu na kutoka kwenye maji.

Darubini ndicho kifaa ambacho watu hununua vibaya. Hufikiri kubwa ni bora. Kwenye boti inayoyumba, darubini ya kukuza mara 10 inakuonyesha mtetemeko wa mikono yako; inayopendwa na mabaharia ni ya 7×50, inayokuza kidogo na kupokea mwanga mwingi. Miwani ya jua inayokata mng'ao nayo ina kazi, kwa sababu bila hiyo huwezi kuona kilicho chini ya uso wa maji. Kasoro yake ni kwamba kioo cha simu huweza kuonekana cheusi ukiwa umeivaa. Igeuze simu upande, picha itarudi.

Wapi pa kukaa? Tezi, nyuma kabisa, kuna kelele ya injini na moshi wa dizeli. Hapo hutasikia neno. Omo, mbele kabisa, kuna upepo na rasharasha za maji. Tafuta sehemu ya katikati, karibu na spika, upande utakaotazama ufuko wenye historia wakati jua liko mgongoni kwako. Muulize nahodha kabla ya kuondoka atapinda upande gani. Boti nyingi huambaa na ufuko mmoja wakati wa kwenda na mwingine wakati wa kurudi, kwa hiyo kiti kizuri cha saa ya kwanza kinaweza kuwa kibaya cha saa ya pili. Katikati huyumba kidogo pia. Kwa anayeugua bahari, dawa inamezwa nusu saa hadi saa moja kabla, baada ya kumuuliza mfamasia, maana nyingine hulevya usingizi. Dawa iliyomezwa kichefuchefu kikiwa kimeshaanza haisaidii sana. Ale kidogo, akazie macho upeo wa bahari, na ramani aiweke mfukoni mpaka boti isimame.

Jaketi la kujiokoa lijaribiwe gatini. Funga mikanda yote, kisha mtu alivute juu kutoka mabegani: likipanda hadi masikioni, limelegea. La mtoto huchaguliwa kwa kilo zake, si kwa miaka, na liwe na mkanda wa kupita katikati ya mapaja, la sivyo majini litamtoka kichwani.

Adabu nayo ni sehemu ya maandalizi. Meli nyingi zilizozama vitani ni makaburi. Arizona pekee ilipoteza watu 1,177, na wengi wao bado wamo ndani. Boti ikizimwa injini mahali kama hapo, zima nawe maongezi, na usitupe chochote majini, hata ua, bila kuruhusiwa. Usidhani pia kwamba abiria wote ni wa upande mmoja. Mabaharia wanne wa Kijapani walioopolewa Sydney waliagwa kwa heshima za kijeshi na kuchomwa vita vikiwa vinaendelea, na majivu yao yakapelekwa Japani. Kuhusu picha, palipo na manowari za leo uliza kwanza, na ndege isiyo na rubani iache nyumbani.

Andaa maswali matatu au manne kwenye karatasi. Ya kupendeza zaidi ni yanayohusu hesabu na chanzo: "Idadi hiyo inajumuisha nani?" Waliokufa Kuttabul huandikwa 21 au 19, na zote ni sahihi, kwani 19 walikuwa Waaustralia na wawili wa jeshi la majini la Uingereza. Ukiwaongeza Wajapani sita wa nyambizi, tukio hilo linakuwa na vifo 27. Mwongozaji mzuri hufurahia swali kama hilo. Anayekasirika amekariri.

Mwisho, acha saa mbili baada ya kushuka, kwa sababu mabaki ya vita vya bandarini mara nyingi hayako bandarini. Huko Halifax, Kanada, kipande cha nanga ya Mont-Blanc, meli ya baruti iliyolipuka 6 Desemba 1917, kilirushwa zaidi ya kilomita 3. Manowari ya Kijerumani Königsberg iliizamisha Pegasus ya Waingereza hapo Unguja Septemba 1914, yenyewe ikamalizwa kwenye delta ya Rufiji Julai 1915, na mizinga ya meli zote mbili unaikuta Fort Jesus, Mombasa. Muulize mwongozaji akiwa bado anafunga kamba gatini: nikitaka kugusa kitu cha meli ile, niende wapi, na wanafunga saa ngapi?